UZI: Nazif Mujić, mwokota skrepa aliyeshinda tuzo ya uigizaji Berlin 2013. Sinema ya pili ilikuwa wapi?

KibandaUmiza (Magomeni, Bagamoyo)

Wakuu, habari za jioni. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite tu, hatugombani.

Kuna mwigizaji mmoja naamini wengi humu hamjapata kumsikia. Anaitwa Nazif Mujić, mtu wa Bosnia, kijiji kimoja cha upande wa Tuzla. Ni Mroma, yaani lile kabila ambalo Ulaya imelizoea kuliita Jipsi kwa dharau, msije mkadhani ni mtu wa Roma ya Papa. Kazi yake kuokota skrepa. Anavunjavunja magari yaliyokufa, anakusanya mabati na vyuma, anapeleka kwenye mizani, anarudi na hela ya kula ya siku mbili tatu. Watu wa namna hiyo mnawajua, hata hapa Magomeni na Nianjema asubuhi toroli zao zinapita.

Februari 2013 mtu huyo alisimama jukwaani Berlin, kwenye tamasha la filamu ambalo kwa Ulaya linatajwa pamoja na Cannes na Venice, akakabidhiwa Dubu wa Fedha kama mwigizaji bora wa kiume. Mwenyekiti wa majaji alikuwa Wong Kar-wai wa Hong Kong, si mtu wa kudanganywa na machozi ya bei rahisi. Februari 2018 Nazif amefariki kijijini kwao, hata miaka 50 hajafika, na yule dubu alikwisha kumuuza kwa euro 4,000. Siku anakata roho, tamasha lilelile lilikuwa linaendelea Berlin.

Ilianzaje? Mwaka 2011 mke wake, Senada Alimanović, alikuwa mjamzito, mtoto akafia tumboni. Hospitali ikasema anahitaji kusafishwa haraka, lakini hana kadi ya bima, kwa hiyo alipe marka 980 za Bosnia, kama euro 500 hivi. Kwa mtu anayeishi kwa skrepa hiyo ni hela ya kuambiwa tu, si ya kuishika. Wakarudishwa nyumbani. Wakaenda tena, wakarudishwa tena, mwanamke anazidiwa. Mwisho wakatumia kadi ya ndugu yao wa kike kwenye hospitali ya mji mwingine, ndipo akatibiwa. Wanafika nyumbani, umeme umekatwa kwa deni. Nazif akalichinja gari lake mwenyewe, akaliuza kama chuma, akalipa umeme na dawa.

Habari ikatoka gazetini. Dairekta Danis Tanović akaisoma akakasirika. Huyu si dairekta mdogo, mwaka 2002 alichukua Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni kwa kazi yake kuhusu vita ya Bosnia. Kutafuta wafadhili wa filamu ya kawaida kungemla miaka, na hasira ya mtu haina subira hiyo. Akapata kama euro 17,000, akachukua watu wachache na kamera ndogo ya Canon, hizi za kupigia picha za harusi, akaenda kijijini akawaambia wenyewe waigize yaliyowapata. Nazif akawa Nazif, Senada akawa Senada, watoto wao wakawa watoto wao. Siku tisa, kazi imekwisha. Filamu ya dakika kama 75 inayoitwa, kwa tafsiri yangu, "Kisa katika maisha ya mwokota vyuma". Berlin ikapata tuzo mbili, ya Nazif na Tuzo Kuu ya Majaji.

Hapo ndipo kila gazeti liliandika habari ya kufurahisha, na mimi ningependa iishie hapo. Lakini dubu yule haji na bahasha. Ni sanamu na makofi. Nazif akarudi kijijini, na skrepa ni ileile. Mwishoni mwa 2013 akachukua mke na watoto akaenda Berlin kuomba hifadhi, mji uleule uliompigia makofi, akakaa kwenye makazi ya wakimbizi. Akakataliwa. 2014 akarudi kwao. Baadaye akauza vitu, na mwanzoni mwa 2018 akamuuza na dubu.

Nina kibanda cha kuonyeshea video, najua watu wanataka nini: mateke, mapenzi na mchawi mmoja. Filamu hii niliionyesha usiku mmoja wa mvua, umeme ukiwa wa kusuasua, nikawa natafsiri kwa mdomo kutoka maandishi ya chini. Nilitarajia watu watoke. Hawakutoka. Kwenye ile sehemu ya dirisha la malipo hospitalini, mama mmoja muuza samaki alianza kumjibu karani wa kwenye kioo kama vile anamsikia.

Kwa hiyo sisemi habari ya kwamba "maskini alidhulumiwa", hiyo imeandikwa vya kutosha. Ninachouliza ni hiki: mtu aliyeonekana na majaji wa dunia kuwa ndiye mwigizaji bora wa mwaka ule, sinema yake ya pili ilikuwa wapi? Kwa nini hakuna dairekta hata mmoja aliyempa kazi ya kumlisha? Naona humo ndimo alimopotelea, si kwenye kuuza sanamu.

Nawasilisha.

---

Jini_Kisirani

Chai hii mkuu. Mtu ana tuzo ya Berlin halafu anakufa maskini? Si angefungua hata chaneli ya YouTube.

---

KibandaUmiza

Mkuu, tafuta jina lake, kila kitu kipo wazi. YouTube anaifungua kwa umeme gani?

---

MwanaSanaa_TaSUBa

Kibanda, heshima yako, uzi mzuri. Lakini niseme jambo ambalo watu wa kwenu wa video hawapendi kulisikia. Mimi nimesomea sanaa za maonyesho hapahapa Bagamoyo, TaSUBa, chuo cha sanaa. Tunafundishwa kutembea upya, kupumua upya, kuitafuta sauti ambayo si yako. Yule bwana hakuigiza. Alikuwa yeye. Ukimpiga picha mvuvi anavuta jarife, akavuta vizuri, utampa tuzo ya uigizaji? Sinema ya pili haikuwepo kwa sababu ya kwanza haikuwa uigizaji. Sisemi kwa dharau.

---

KibandaUmiza

Mwanasanaa, hilo nililitegemea, na lina uzito. Lakini angalia filamu halafu turudi.

Mvuvi anayevuta jarife mbele ya kamera anavuta kwa sababu samaki wamo. Nazif aliombwa amchukue mke wake ambaye sasa ni mzima, amlaze kwenye kochi kama anakufa, akimbilie gari, aende kuomba kwenye dirisha ambalo ameshanyimwa. Na dairekta akisema turudie, arudie. Skripti ya kukariri hakuna, anatafuta maneno mwenyewe. Kuna sehemu anavunja gari lake kwa shoka na nyundo kwenye theluji, kazi anayoijua, mikono inakwenda bila kufikiri, lakini uso wake unajua kuwa hili silo gari la mtu mwingine. Hakuna muziki wa kukusaidia ulie. Umbali kati ya mkono na uso hapo ndio uigizaji ninaoujua mimi. Ninyi mnaufundisha darasani, yeye aliupata kwa njia nyingine.

Tena kurudia msiba wako mwenyewe kwa ajili ya kamera, bila kuzidisha chumvi, mimi naona ni kugumu kuliko kuigiza msiba wa jirani. Mwenzetu yeyote humu ajaribu kusimulia siku mbaya kuliko zote maishani mwake mara mbili mfululizo, aone kama mara ya pili hataanza kuipamba.

---

MwanaSanaa_TaSUBa

Hoja ya kutokupamba nimeikubali. Ya kwamba ni mwigizaji bado naitafakari.

---

MtangaHalisi

Waja leo waondoka leo tumefika na huku Bagamoyo. Salamu kutoka Chumbageni.

Kibanda, jamaa yako ana kaka mkubwa kwenye historia. Lamberto Maggiorani, Mtaliano, yule baba anayetafuta baiskeli yake iliyoibwa kwenye filamu ya Vittorio De Sica ya mwaka 1948. Wanaojua sinema wanaiweka kwenye orodha ya filamu kubwa za karne. Maggiorani alikuwa mfanyakazi wa kiwanda cha Breda. Alimpeleka mwanawe kwenye usaili wa watoto, De Sica akamwacha mtoto akamchukua baba. Na akamwekea sharti: filamu ikiisha urudi kiwandani, usijidanganye kuwa wewe ni nyota.

Akarudi kweli. Kiwanda kikapunguza watu, na yeye akawa miongoni mwao, maana ilidhaniwa mtu wa sinema ameshakuwa tajiri. Akahangaika na vibarua vya ujenzi, akapata vijisehemu kwenye filamu za watu. Alifariki 1983. Yaani filamu inahusu mtu anayehangaika asipoteze kazi, na mwigizaji akaipoteza kazi kwa ajili ya filamu. Ungeiandika kwenye skripti wangekwambia umezidisha.

---

Kipara_Ngoto

Natia kambi hapa. Uzi kama huu siku hizi ni adimu.

---

MbongoUghaibuni

Niko Ujerumani muda sasa, naomba niongeze kwenye suala la hifadhi maana watu wengi hulichanganya.

Hifadhi ya ukimbizi haitolewi kwa umaskini. Uwe na njaa kiasi gani, afisa anakuuliza: nani anakutesa, kwa sababu ya dini yako, kabila lako, siasa zako? Waroma wengi wa nchi za Balkani walikuja na hoja ya ubaguzi, na ubaguzi upo kweli, lakini maafisa walikuwa wanaandika kuwa haufiki kiwango cha mateso. Karibu wote walikuwa wanakataliwa. Novemba 2014 Ujerumani ikaweka kwenye sheria kabisa kuwa Bosnia, Serbia na Makedonia ni nchi salama, mlango ukabana zaidi. Nazif aliomba kabla ya hapo, lakini hata wakati ule bahati ilikuwa ndogo mno.

Tuzo haikumsaidia ofisini, na kisheria haikupaswa kumsaidia. Afisa hakai na ratiba ya tamasha mezani. Ila mji uleule kukupokea kwa zulia jekundu Februari na kukupokea na foleni ya kitanda kwenye makazi Novemba, hilo linahitaji moyo.

---

Jini_Kisirani

Nimetafuta. Si chai. Daah.

---

Binti_Kaole

Kaka Kibanda, shikamoo, maana nahisi umenizidi umri. Nimesoma mpaka hapa, wanaume wote mnamzungumzia Nazif. Nani aliyebeba mtoto aliyekufa tumboni? Nani aliyelala kwenye kochi akazidiwa, halafu akaambiwa na watu wa kamera lala tena, zidiwa tena? Senada ndiye mwenye kisa. Filamu imepewa jina la mumewe, tuzo kachukua mumewe, na nyuzi mnamfungulia mumewe.

Nimeiangalia leo mchana. Kuna sehemu wanarudi kutoka hospitali mara ya kwanza, anakaa, watoto wanamjia, anawashughulikia kama kawaida. Hasemi kitu. Mwanamke aliyewahi kupoteza mimba anaijua ile namna ya kukaa. Haifundishwi TaSUBa wala Berlin. Wangempa yeye.

---

KibandaUmiza

Marahaba dada. Sina la kupunguza hapo. Kwenye kibanda changu yule mama wa samaki naye alikuwa anamtazama Senada muda wote, Nazif alikuwa kama dereva tu kwake.

Ila hata kwake Senada swali langu ni lilelile.

---

Dalali_wa_Viwanja

Mnalia sana. Dairekta si NGO. Filamu ya euro 17,000, ukitoa chakula, mafuta, usafiri na watu wa sauti, kinabaki nini cha kumlipa mtu mpaka uzeeni? Tanović aliipeleka shida yao duniani, bila yeye tusingekuwa tunawajadili hapa Bagamoyo. Mtu akipewa nafasi akarudi kwenye skrepa, hilo ni lake. Wapo wangapi walianza na senti sifuri wakatoka? Mjini akili.

---

Mzee_wa_Dau

Vijana, asalaam alaykum. Mjukuu ndiye ananiandikia, mimi nasema naye anabonyeza.

Dalali amesema mtu akipewa nafasi. Nami nieleze nafasi zenyewe zinavyokuwa. Mimi ni fundi wa mashua na ngalawa, niko pwani hapa tangu soko la samaki halijaezekwa bati. Bagamoyo ina majumba ya kale, ngome ipo, Kaole yapo magofu, Kanisa la Misheni lipo, na kila mtu wa kamera akitoka ng'ambo anataka kitu kimoja: msafara wa pembe na watumwa. Basi wanakuja ufukweni, wanatuangalia kama wanachagua nazi, wewe njoo, wewe njoo, wewe mnene hapana. Tunavuliwa mashati, tunafungwa minyororo ya plastiki iliyopakwa rangi, tunatembezwa mchangani juani.

Mimi ni mtumwa mstaafu. Kila kamera ikija, mimi mtumwa. Hata mpagazi sijafikia, na wapagazi wa Kinyamwezi walikuwa watu wa heshima zao, wenye mshahara na nyimbo zao. Hata Mwarabu wa kusimama nyuma sijapewa, na babu yangu mzaa mama ni Mshihiri! Nimekwisha wapa watu kicheko kwenye harusi mji mzima huu, nasema mashairi, naiga sauti ya liwali, ya padri na ya mke wa padri asiyekuwepo. Hakuna aliyeniuliza unajua nini. Wameniuliza unaweza kutembea polepole?

Malipo ni posho na chakula cha mchana, na karatasi ya Kiingereza ya kutia dole. Filamu yenyewe hatuoni. Mara moja mtoto wa dada yangu aliniona kwenye televisheni akiwa Dubai kazini, akapiga simu analia, akidhani nimepatwa na jambo.

Huyo Nazif namuelewa. Walimuona mara moja akiwa maskini, basi wakaridhika.

---

Kipara_Ngoto

Mtumwa mstaafu 😂😂😂 mzee wangu umeniua.

---

KibandaUmiza

Mzee wa Dau, shikamoo. Umelisema kwa ufupi jambo nililokuwa nalizungukia kama nzi kwenye bakuli la mchuzi.

Dalali, sikatai kuwa Tanović alitenda jema. Kwa hali ya filamu ile, nadhani alitenda zaidi ya wengi, alitaja nchi yake hadharani na kuiaibisha. Simdai yeye. Nawadai wale wengine wote waliokuwa ukumbini. Tamasha kubwa lina madairekta, maprodyuza, watu wa televisheni, wote wanapiga makofi wamesimama. Wote waliona mtu anayeweza kukaa mbele ya kamera kwa saa nzima bila kubabaika. Lakini kichwani mwao alikuwa ameshamalizika: yeye ni mwokota vyuma, na filamu ya mwokota vyuma imeshatengenezwa. Mwigizaji aliyesoma akiigiza muuaji, kesho anaitwa kuigiza padri. Nazif alionekana kama ushahidi, na shahidi akishatoa ushahidi anaambiwa ashuke kizimbani.

Kama ningekuwa dairekta ningempa nafasi ya karani wa dirisha la malipo. Yule anayesema "bila hela hatuwezi". Hebu fikirini uso ule nyuma ya kioo, mtu anayejua hasa upande wa pili wanahisi nini, halafu analazimika kukataa. Ningemlipa kwa filamu hiyo na watu wangekuja.

---

MtangaHalisi

Hapo kwenye karani umenigusa. Lakini nikupinge kidogo, maana unaongea kana kwamba sinema ya pili ni dawa.

Kuna kijana wa Brazil, Fernando Ramos da Silva. Alikuwa mtoto wa mtaa wa maskini pale São Paulo, dairekta Hector Babenco akamchukua mwanzoni mwa miaka ya 1980 aigize mtoto wa mitaani anayeitwa Pixote. Dunia ikashangaa. Yeye sinema ya pili aliipata! Televisheni kubwa ya kwao ilimpa mkataba wa tamthilia. Akashindwa, kusoma kwake kulikuwa kwa shida, mistari ya kukariri haikai, wakamwondoa. Akarudi mtaani kwake na ile sura ambayo sasa kila polisi anaijua kutoka kwenye filamu. Mwaka 1987 polisi wakampiga risasi akafa, ana miaka 19.

Kwa hiyo nafasi ya pili peke yake haitoshi kaka. Nafasi ilikuja imevaa viatu vya mtu mwingine.

---

MwanaSanaa_TaSUBa

Huyu wa Brazil amenirudisha kwenye hoja yangu ya mwanzo, lakini kwa mlango mwingine. Kwani kukariri kutoka karatasi ndiyo njia pekee? Hapa chuoni ngoma na hadithi nyingi zilifundishwa kwa mdomo na kwa mwili, mwalimu anafanya, wewe unafanya. Angepata mtu wa kukaa naye akamsomea mistari jioni, tamthilia ingekwenda. Televisheni haikutaka kumlipa mtu huyo.

Na mfano wa kinyume tunao hapahapa. Marehemu mzee Hukwe Zawose alikuja pwani na zeze, ilimba na sauti ya Kigogo. Kwa macho ya mgeni naye ni "mtu wa kitu kimoja". Lakini nyuma yake kulikuwa na kikundi cha taifa, kisha chuo kilichofunguliwa 1981, kulikuwa na wanafunzi, na familia aliyoifundisha. Akapiga Ulaya, Japani, kila mahali, akirudi anarudi kwenye kazi, hajarudi kwenye sifuri. Alifariki Desemba 2003 na mpaka leo ukoo wake unapiga. Kipaji kilikuwa chake, lakini kilikuwa na pa kulala. Nazif alikuwa na kipaji kisicho na anwani.

Kwa maana hiyo nakubali, alikuwa mwigizaji. Kilichokosekana ni ajira.

---

MbongoUghaibuni

Na mkataba. Mzee wa Dau ametaja karatasi ya Kiingereza, hapo ndipo pa kushika. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 haimlindi mtunzi peke yake, hakishiriki inamhusu mtu anayeonyesha, mwimbaji, mchezaji, mwigizaji. Watu wanadhani haki ni ya mwenye kamera tu. Ukitia dole kwenye karatasi usiyoisoma umeziachia zote kwa posho na wali maharage.

---

Dalali_wa_Viwanja

Ukianza kudai mikataba watakwenda kupiga picha Kilwa, au Kenya kabisa. Nawaambia ukweli wa soko.

---

Mzee_wa_Dau

Waende. Kilwa nako wana wazee.

---

Binti_Kaole

😂 Mzee!

Dalali, ngoja nikujibu kwa hesabu zako za sokoni. Mtu wa kamera hasafiri mpaka Bagamoyo kwa sababu sisi ni rahisi. Anakuja kwa sababu bandari ile, ngome ile na njia ile ya misafara kutoka Ujiji iliishia hapa, haiishii Mombasa. Anachokitafuta hakihamishiki. Wewe unayeuza viwanja vya ufukweni bei unaijua inavyopanda kwa sababu hiyohiyo, kwa nini sura ya mzee iuzwe kwa bei ya wali?

---

Dalali_wa_Viwanja

Hapo dada umenipiga kwenye fani yangu. Kiwanja cha kona nisingeuza kwa posho.

---

Kipara_Ngoto

Kibanda, hiyo filamu unaionyesha tena lini? Na tafsiri uifanye wewe mwenyewe, wale madj wenu wataingiza matusi na stori za Jeshi la Wokovu.

---

KibandaUmiza

Ijumaa baada ya isha, inshallah, TANESCO wakituruhusu. Kiingilio kilekile. Nitawawekea na ya Mtaliano wa baiskeli, lakini hiyo ina wimbi la maandishi, nitahitaji mtu wa kusaidiana naye kutafsiri. Dada wa Kaole, sehemu za Senada uzisome wewe, mimi sauti yangu inamharibia.

---

Binti_Kaole

Nakuja. Ila nisisome mbele ya wavuta sigara, watoke nje kwanza.

---

MwanaSanaa_TaSUBa

Mzee wa Dau, samahani kwa kuchelewa kuuliza. Tuna kifilamu kifupi, vijana watano na kamera ya kuazima, tunaanza baada ya mwezi mtukufu. Kuna nafasi ya mwenye nyumba katili, wapangaji wanamuogopa, anazungumza sana, na mwisho anawafukuza watu usiku. Tulikuwa tunamtafuta mtu wa Dar. Unaweza?

---

Mzee_wa_Dau

Kufukuza watu naweza sana, nimepanga Dunda miaka mingi, nimefukuzwa na wataalamu.

Mjukuu anauliza shati nitavaa? Na posho ni kiasi gani, kwa siku au kwa kazi nzima? Karatasi iletwe ya Kiswahili, nisomewe yote mbele ya watu, nikiridhika ndiyo nitie dole.

---

MwanaSanaa_TaSUBa

Kanzu na koti juu, mzee. Karatasi naiandika leo, kesho saa kumi naileta pwani tuisome. Mbongo Ughaibuni, nicheki faragha unisaidie kipengele cha hakishiriki.